Kumfuata Mahjub bin Adam hadi Sachsenhausen

Jumatano

Safari hii nimeifunga kwa ajili ya mtu mmoja. Jina lake Mahjub bin Adam Mohamed, mzaliwa wa Dar es Salaam, tarehe 22 Februari 1904, enzi za Mjerumani. Baba yake alikuwa askari mwenye asili ya Sudan katika jeshi la koloni. Huku Ujerumani alijulikana zaidi kwa jina la Bayume Mohamed Husen. Alikuwa mhudumu wa mgahawa, mwigizaji wa filamu, na mwalimu wa Kiswahili kama mimi. Alifia kwenye kambi ya mateso ya Sachsenhausen, kaskazini mwa Berlin, tarehe 24 Novemba 1944.

Nimefundisha Kiswahili miaka mingi, kwa wenyeji na kwa wageni, na jina hili sikulikuta kwenye kitabu chochote cha shule. Nililisikia kwa mwanafunzi wangu mmoja Mjerumani, tena kwa bahati tu. Tangu siku hiyo halikunitoka. Kwa hiyo mtoto wa kaka yangu anayesoma Berlin aliponialika nije nimtazame, nilimjibu kwamba nakuja, ila kuna mahali nataka anipeleke.

Mchana wa leo tulishuka kituo cha Rosenthaler Platz, tukatembea hadi Brunnenstraße namba 193. Mbele ya nyumba hiyo, katikati ya mawe ya kijivu ya njia ya miguu, kuna jiwe lenye upana wa sentimita kumi tu, juu limevikwa bamba la shaba ya manjano. Ni kumbukumbu ya Mahjub, iliyowekwa mwaka 2007. Msanii Gunter Demnig alianza kuyaweka mawe ya namna hii miaka ya 1990, mbele ya nyumba walizoishi watu walioangamizwa na Wanazi, na kote Ulaya yamekwisha kupita 100,000. Niliinama nikaliangalia kwa karibu. Kila herufi imegongwa peke yake kwa mkono, ndiyo maana mistari haikunyooka sawasawa, na pembeni shaba imeingia weusi wa mvua na viatu. Kijana wangu alitoa kitambaa akaanza kulisugua. Alisugua muda mrefu, bila kusema neno, mpaka jina likang'aa.

"Shangazi," akasema aliposimama, "nimepita barabara hii mara nyingi kwenda kazini."

Alhamisi

Leo tulizunguka mjini. Asubuhi tulifika Potsdamer Platz, ambapo palikuwa na jumba kubwa la starehe liitwalo Haus Vaterland. Mahjub alihudumia wateja humo. Jumba lenyewe halipo tena, yamebaki majengo ya vioo na watu wenye haraka.

Historia yake ya kufika Berlin inaniuma kuliko nilivyotarajia. Vita vya Kwanza vya Dunia vilipoanza mwaka 1914 alikuwa na miaka kumi, akaingia jeshini pamoja na baba yake chini ya Lettow-Vorbeck, kamanda wa jeshi la Mjerumani huku kwetu. Oktoba 1917 alijeruhiwa kwenye mapigano ya Mahiwa, akatekwa na Waingereza. Mahiwa ni kwetu. Ni mkoa wa Lindi, jirani na Nyangao, si mbali na Mtama nilikokulia. Yule mtoto wa miaka kumi na mitatu alimwaga damu yake kwenye mashamba ambayo babu zangu walilima mtama na mihogo.

Baada ya vita alifanya kazi melini, na mwaka 1929 alifika Berlin kudai mshahara wa jeshi ambao yeye na baba yake hawakulipwa. Wizara ikamjibu kwamba muda wa kudai umepita. Akabaki. Mwaka 1933 akamwoa Maria Schwandner, Mjerumani, siku chache tu kabla ya Hitler kukabidhiwa serikali. Mwaka uliofuata aliomba nishani waliyopewa wapiganaji wa vita vile, akanyimwa.

Mchana tulipita Unter den Linden, mbele ya chuo kikuu. Mahjub alikuwa msaidizi wa kufundisha Kiswahili katika chuo hicho, chini ya Profesa Diedrich Westermann, kwa malipo madogo. Ujerumani ilikuwa imekwisha nyang'anywa makoloni yake, lakini Wanazi waliyataka tena, na watu waliotamani kwenda kututawala upya walikaa darasani kujifunza matamshi kutoka kwa kijana wa Dar es Salaam. Mimi najua kazi ile. Unarudia neno mara thelathini ili mgeni alitamke vizuri, na siku akilitamka vizuri unafurahi kutoka moyoni. Sina shaka na yeye alifurahi. Kiswahili bado kinafundishwa katika chuo hicho, na nilisimama kwa muda pale nje nikiwaangalia wanafunzi wakiingia na kutoka.

Ijumaa

Tuliondoka asubuhi kwa treni ya S1 hadi mwisho wa reli, Oranienburg. Ni mwendo wa chini ya saa moja kutoka katikati ya Berlin. Kuingia kwenye kambi ni bure, na matembezi ya makundi yapo, lakini mimi nilitaka mwongozaji wetu peke yetu. Kundi la watu ishirini haliwezi kusimama nusu saa kwa ajili ya swali la mtu mmoja, na maswali yangu yote yalikuwa ya mtu mmoja. Waongozaji wanapaswa kuwa na kibali cha taasisi ya kumbukumbu. Wetu, mama wa makamo aliyewahi kufundisha historia, alikivaa chake shingoni. Nilikuwa nimemwandikia mapema nikimwomba atuongoze kwa kufuata maisha ya Mahjub, naye alikuwa amejiandaa vizuri.

Alitukataza kupanda basi. "Wafungwa walitembea," alisema kwa Kiingereza, taratibu ili tumwelewe. Ni kama kilomita mbili, na nyumba zimejipanga njia nzima. Wakazi wa mji waliwaona wakipita, mchana kweupe, miaka nenda rudi. Karibu na kambi kuna nyumba nzuri zenye bustani, zilizojengwa kwa ajili ya maofisa wa SS, kikosi cha Wanazi kilichosimamia kambi, na familia zao. Leo zinakaliwa na watu wa kawaida, na kwenye bustani moja palikuwa na baiskeli ya mtoto. Jengo moja refu alituonyesha kwa kidole: humo, kuanzia 1938, ndimo yalimokuwa makao makuu ya kusimamia kambi zote za mateso. Njaa ya wafungwa wa Dachau, Buchenwald, na baadaye Auschwitz ilipangwa na makarani waliokaa mezani hapo. Sasa ni ofisi ya kodi. Kijana wangu aliuliza wafanyakazi wa kodi wanajisikiaje. Mama yule akafikiri kwanza, kisha akasema wengine hutoka wakati wa mapumziko ya mchana na kuja kutembea kambini.

Sachsenhausen ilijengwa majira ya joto ya mwaka 1936, na wafungwa wenyewe ndio waliokata miti na kusimamisha mabanda. Mpaka vita vinakwisha walipita humo watu zaidi ya 200,000. Ramani yake ni pembetatu. Kwenye kitako cha pembetatu kuna lango na mnara, Mnara A, na mabanda yalipangwa kama nusu duara kuuelekea, ili mlinzi mmoja mwenye bunduki ya rashasha juu ya mnara aweze kulenga kila njia. Kwenye chuma cha lango yameandikwa maneno yanayodai kwamba kazi huleta uhuru. Nilipita chini yake nikiwa nimemshika kijana mkono, nadhani kwa kujikinga zaidi kuliko kumkinga yeye.

Ndani ni uwanja mtupu. Mabanda mengi yamebomolewa na mahali pake pamewekwa alama tu, na upepo wa Novemba hauna kitu cha kuuzuia. Hapa ndipo walipohesabiwa asubuhi na jioni. Januari 1940 Rudolf Höss, ambaye baadaye aliendesha Auschwitz, aliwasimamisha mamia ya wafungwa kwenye baridi kali kwa saa nyingi, na wengi walikufa palepale. Mwongozaji alituomba tusimame bila kusogea. Hakutuambia kwa muda gani. Nilikuwa na koti zito, soksi mbili na kofia ya sufu, na baada ya muda mfupi sikuzisikia tena ncha za vidole vyangu. Aliposema inatosha, akatuambia kwamba hajawahi kumsimamisha mgeni hata robo saa.

Pembeni ya uwanja kuna kitu ambacho sikukijua kabla ya kuja. Ni njia iliyopinda kufuata nusu duara ya mabanda, imegawanywa vipande vipande: hapa saruji, hapa mchanga, hapa changarawe, hapa mawe yaliyovunjwa, hapa kokoto za mviringo. Ilikuwa njia ya kujaribia viatu. Viwanda vilituma soli mpya za jeshi na za raia, na wafungwa wa adhabu wakazivaa na kutembea juu yake tangu asubuhi hadi jioni, wakibeba mizigo, mpaka kilomita 40 kwa siku. Anayeanguka anapigwa. Matokeo yaliandikwa kwenye daftari: soli hii imedumu kilomita kadhaa, hii imepasuka. Kilichopimwa ni kiatu. Nilikanyaga kipande cha mawe yaliyovunjwa kwa buti langu nene, na bado niliyahisi makali yake chini ya unyayo.

Nilimwuliza kuhusu kosa la Mahjub. Tukakaa kwenye benchi, akanieleza kwa utaratibu. Mwaka 1935 Wanazi walipitisha sheria za Nürnberg zilizokataza ndoa na mapenzi kati ya Wayahudi na Wajerumani. Baadaye waliueneza mwiko huo kwa watu weusi na kwa Waroma, jamii iliyozoeleka kuitwa Majipsi. Mahjub aliigiza katika filamu kadhaa. Katika filamu ya mwaka 1941 ya kumtukuza Carl Peters, yule aliyezunguka Usagara akiwawekesha machifu wetu saini za ulaghai, alicheza kama mkalimani na msaidizi wa Peters. Wakati huo alikuwa na uhusiano na mwanamke mwingine wa Kijerumani, mbali na mkewe. Agosti 1941 Gestapo, polisi wa siri wa Wanazi, wakamkamata kwa kile walichokiita kuchafua damu. Hakufikishwa mahakamani. Aliletwa hapa, na hapa alikaa miaka mitatu na zaidi.

"Lakini alikuwa askari wao," kijana wangu alisema. "Alipigwa risasi kwa ajili yao."

"Ndiyo," alijibu mwongozaji. "Na vita vya pili vilipoanza aliomba tena kujiunga na jeshi. Walimkataa."

Sijui kama nilimwelewa Mahjub pale, lakini nilimwona. Ni mtu aliyeshikilia ahadi ya watu waliokwisha ivunja. Alidhani kwamba utumishi ni deni, na kwamba mwenye deni siku moja atalipa.

Banda namba 38 lilikuwa la wafungwa Wayahudi. Septemba 1992, siku chache baada ya Waziri Mkuu wa Israeli Yitzhak Rabin kutembelea kambi, watu wenye mrengo wa kibaguzi walilichoma moto. Walipolikarabati waliacha sehemu ya mbao zilizoungua zionekane, rangi imevimba na kubanduka kama ngozi. Nashukuru hawakuificha. Chumba cha kuogea kina mabeseni mawili ya mviringo, watu mamia walisukumana kuyazunguka alfajiri kwa dakika chache.

Jela ya ndani ya kambi tuliipita haraka. Humo walifungwa Mchungaji Martin Niemöller na Georg Elser, fundi seremala aliyejaribu kumwua Hitler kwa bomu mwaka 1939. Uani kuna nguzo ambazo watu walitundikwa mikono ikiwa imefungwa kwa nyuma. Kijana wangu hakutaka kuziangalia, nikamwambia asilazimike.

Mwisho ni sehemu iliyoitwa Kituo Z. Mtu aliingia kwa Mnara A na kutokea kwa Z: SS waliona huo ni utani. Palikuwa na tanuri za kuchomea maiti, mahali pa kuulia, na kuanzia 1943 chumba cha gesi. Yamebaki magofu chini ya paa jeupe kubwa. Mwongozaji alituonyesha jinsi chumba cha kupigia risasi kilivyofanya kazi, kwa sauti ile ile ya kufundisha, na nadhani asingeweza kukieleza kwa sauti nyingine. Mfungwa alivuliwa nguo akaambiwa anapimwa afya. Mtu aliyevaa koti la daktari alimsimamisha kwenye kipimo cha urefu kilichofungwa ukutani. Nyuma ya kipimo kulikuwa na upenyo, na nyuma ya upenyo, mtu mwenye bunduki. Muziki ulipigwa kwa sauti kubwa ili wanaosubiri wasisikie. Kwa njia hiyo, vuli ya mwaka 1941, wafungwa wa vita wa Kisovieti wasiopungua 10,000 waliuawa katika muda wa wiki kumi hivi. Ni majira yale yale Mahjub aliyoletwa kambini. Maiti zilichomwa usiku na mchana, na moshi ulifika mjini.

Nilimwomba mama yule dakika chache. Alisogea pembeni bila kuuliza. Mahjub alikuwa Mwislamu, na sikuwa na njia ya kujua kama kuna Mswahili mwingine aliyewahi kumsomea mahali hapa. Nikasoma Fatiha na Kulhuwallahu mara tatu, nikamwombea kwa jina lake lote na jina la baba yake. Kijana akaitikia amina. Halafu nikawaombea na wale Warusi, maana nao wana mama zao.

Wakati wa kurudi langoni tulielezwa yaliyofuata. Tarehe 21 Aprili 1945 SS waliwaswaga wafungwa zaidi ya 30,000 kwa miguu kuelekea kaskazini-magharibi, na maelfu walikufa njiani. Kesho yake wanajeshi wa Kisovieti na wa Kipolandi walifika, wakawakuta wagonjwa na wauguzi wapatao 3,000. Mahjub alikuwa amefariki miezi mitano kabla. Kisha Wasovieti nao waliitumia kambi ile ile kufungia watu hadi 1950, na wafungwa 12,000 walikufa kwa njaa na maradhi. Wana makaburi yao na jumba lao la makumbusho.

Majira ya baridi wanafunga saa kumi na nusu, na giza lilikuwa limeanza kuingia. Kwa anayetaka kwenda, ushauri wangu ni huu: fika saa tatu asubuhi, vaa kwa ajili ya kusimama na si kwa ajili ya kutembea, na ukiwa na uwezo chukua mwongozaji wako. Mwambie kabla ni nani unayemtafuta. Nilipomlipa mama yule alinishika mkono akaniomba nimtamkie jina la Mahjub kama linavyotamkwa kwetu. Nikamtamkia, akarudia, nikamsahihisha, akarudia tena.

Jumamosi

Sikulala vizuri. Asubuhi kijana alipika chai ya tangawizi, akasema leo ananipeleka yeye mahali alipopachagua.

Ni mtaa wa Wedding, eneo liitwalo Mtaa wa Kiafrika. Barabara zake zilipewa majina enzi za ukoloni na baadaye: Togostraße, Ugandastraße, Sansibarstraße. Kulikuwa na barabara iliyopewa jina la Carl Peters mwaka 1939, wakati wa Wanazi, miaka miwili kabla ya ile filamu. Watu weusi wa Berlin na wenzao walipigania kuliondoa kwa miaka mingi, baadhi ya wakazi wakapinga mpaka mahakamani. Agosti 2024 liliondolewa. Kipande kimoja sasa kinaitwa Anna-Mungunda-Allee, kwa heshima ya mwanamke wa Namibia, na kingine Maji-Maji-Allee.

Nilisimama chini ya kibao hicho nikashindwa kuondoka. Bibi yangu alizaliwa ndani ya njaa ya Maji Maji. Vita vilianza Umatumbi mwaka 1905, na Wajerumani walipoona wapiganaji hawaishi, wakachoma mashamba na maghala kusini nzima. Wanahistoria hutaja hadi watu 300,000 waliokufa, wengi wao kwa njaa. Na walioshika viberiti, wengi walikuwa askari weusi wa jeshi la Mjerumani.

Nikampigia simu baba mkubwa, Mtama. Baada ya shikamoo na marahaba nikamsimulia yote, la Mahjub na la kibao. Kibao alinitaka nimsomee herufi kwa herufi. Halafu akanyamaza kidogo.

"Mwalimu," akasema, "huyo uliyemwombea dua, baba yake si ni hao hao waliotuchomea vyakula?"

"Alikuwa askari wao, baba mkubwa. Inawezekana alikuwemo."

"Na wewe umevuka bahari kwenda kumlilia mwanawe."

Nilimjibu kwamba mwaka ule Mahjub alikuwa mtoto wa kubebwa mgongoni, na kwamba waliochoma mashamba ya Umatumbi ndio hao hao waliomfunga. Nikamwambia pia kwamba sitaki kumfanya shujaa. Aliwatumikia kwa moyo wote, akawachezea filamu ya kumsifu Peters, na hayo hayafutiki. Lakini ni wa kwetu, na aliuawa kwa rangi yake. Namlilia hivyo alivyo.

Baba mkubwa hakukubali moja kwa moja. Alisema babu yake alizikwa bila sanda kwa sababu ya askari, na hana dua ya ziada kwa watoto wao. Sikumbishia. Tulizungumza muda mrefu, akanieleza mahali Mahiwa ambapo wakulima walikuwa wakichimbua maganda ya risasi alipokuwa kijana, jambo ambalo hakuwahi kuniambia. Tulipokaribia kuagana aliniuliza kama yule mtu alikuwa na watoto, na kama walipona. Nikamwambia alikuwa nao, na kwamba nitamtafutia habari zao.

Muhula ukifunguliwa nitafundisha yote katika kipindi kimoja: Umatumbi, Mahiwa, Brunnenstraße na Sachsenhausen. Baba mkubwa amekubali kuongea na wanafunzi wangu kwa simu ya mjukuu wake, kwa sharti kwamba yeye ndiye aanze.